Namba V96.0: mmoja anaburudika, mwingine yuko kazini

Kuna kitabu ambacho hospitali nyingi duniani zinakitegemea kila siku, na karibu hakuna anayekisoma kama kitabu. Kinaitwa Uainishaji wa Kimataifa wa Magonjwa, na toleo lake la 10 wengi tunalijua kwa herufi zake tu, ICD-10. Kazi yake ni kukipa kila ugonjwa, kila jeraha na kila chanzo cha jeraha namba yake, ili daktari wa Vwawa na daktari wa Oslo wakiandika S32.0 wote wawe wanasema kitu kilekile: pingili ya kiunoni imevunjika. Leo nataka tukisome kama tunavyosoma riwaya au ripoti ya serikali, yaani kwa kukihoji. Hatutakimaliza, usiogope. Tunachukua kurasa chache tu za Sura ya XX, zile za watu wanaoumia wakiruka angani, na hasa wanaoruka kwa raha zao.

Na ningependa tukisomee Ivuna. Kama hupafahamu, ni kata ya Wilaya ya Momba, mkoani Songwe, kule bondeni upande wa Ziwa Rukwa. Huko hakuna klabu ya kuruka na hakuna mtu anayepanda kilima Jumapili na parachuti mgongoni. Kitu maarufu kuliko vyote kilichowahi kushuka Ivuna kutoka angani ni jiwe: kimondo kilichoanguka Desemba 16, 1938, kikaokotwa kama gramu 705 hivi, na leo kundi zima la vimondo adimu linaitwa CI, hiyo I ikiwa ni ya Ivuna. (Wajapani walipoleta vumbi la kimondo-sayari Ryugu mwaka 2020, wanasayansi walilifananisha na mawe ya kundi hilohilo. Hiyo ni makala nyingine.) Sasa kwa nini tusomee kurasa za maputo mahali pasipo na puto? Kwa sababu kitabu kinachodai kuwa cha dunia nzima kinafaa kipimwe mbali na meza kilipoandikiwa.

Tuanze na majaribio mepesi. Mtu kaumwa na mamba Ziwa Rukwa: ipo, W58, namba yake peke yake kabisa. Kiboko je? Hapo mambo yanakuwa ya ajabu kidogo, maana kiboko anaingia W55, kapu la "mamalia wengine", anakaa humo pamoja na paka. Mtu kaanguka kutoka mkokoteni wa ng'ombe: V80. Ajali ya bajaji: V30 hadi V39, kwa sababu kitabu kina sehemu nzima ya magari ya magurudumu matatu. Mtu kaunguzwa na maji ya chumvi yanayochemka, na chumvi Ivuna imechemshwa kwa karne nyingi kama wanaakiolojia walivyoonyesha walipochimba pale: X12, majimaji mengine ya moto. Kwa hiyo tuiweke pembeni ile lawama ya haraka kwamba kitabu hiki kimeandikwa na Wazungu kwa ajili ya Wazungu basi. Ukikifungua vizuri unakuta kimeshafika Ivuna.

Kabla hatujapaa, jambo moja la ufundi, maana bila hilo utapotea. Mtu aliyeumia anapaswa kupata namba mbili. Ya kwanza inaanza na S au T na inasema mwili umepata nini: mfupa gani umevunjika, wapi pameungua. Ya pili inaanza na V, W, X au Y na inasema nini kimemfika: gari, moto, mamba, kisu. Hii ya pili ndiyo Sura ya XX. Mtu akifa kwa ajali, takwimu za vifo zinamhesabu kwa namba ya pili. Kitaifa hatuhesabu "waliovunjika fuvu", tunahesabu "waliogongwa na pikipiki". Ndiyo maana namba hii si mapambo.

Haya, sasa angani. V95 ni ajali za vyombo vyenye injini: helikopta ni V95.0, ndege ndogo nyepesi sana ni V95.1, ndege nyingine binafsi V95.2, ndege za biashara V95.3, na V95.4, shika kiti chako, ni chombo cha anga za juu. V96 ni vyombo visivyo na injini: puto ni V96.0, tiara kubwa la kuning'inia mtu ni V96.1, glaida ni V96.2, halafu "vingine" na "visivyotajwa". V97 ni mabaki: aliyeumia akipanda au akishuka, mrukaji wa parachuti (V97.2), mtu aliye chini ardhini (V97.3).

Ukisoma hivyo kwa mara ya kwanza unacheka. Mimi nilicheka. Mwanaanga ana namba yake, wakati jiwe kutoka angani halina. Agosti 14, 1992, mvua ya vimondo iliangukia Mbale, Uganda, na kijiwe cha gramu tatu na kitu kikampiga kijana mmoja kichwani baada ya kupunguzwa kasi na migomba. Hakuumia vibaya, namshukuru mgomba. Lakini kama angelazwa, angeingizwa W20, kapu la vitu vinavyodondoka, kama mtu aliyeangukiwa na tawi la mti.

Kicheko kama hiki kimekuwa burudani kubwa hasa Marekani, ambako toleo lao lililorefushwa lilianza kutumika Oktoba 2015. Wana V97.33, kunyonywa na injini ya ndege, na wanayo V97.33XD ambayo watu waliisambaza wakisema eti ni ya mtu aliyenyonywa na injini mara ya pili. Uongo mtamu. Hiyo D mwishoni maana yake ni kwamba mgonjwa amerudi kliniki kuendelea na matibabu ya jeraha lilelile. A ni ya matibabu ya mwanzo, na S ni ya athari zilizobaki baadaye. Mtu aliyenusurika na injini lazima arudi kubadilishiwa bandeji, na anayeandika namba lazima awe na pa kumweka. Kwa hiyo mzaha ule unachekesha, ila ni uhakiki wa kivivu. Wingi wa namba si kosa. Rafu ikiwa na masanduku mengi matupu haimdhuru mtu. Anayedhurika ni yule ambaye kitu chake kimewekwa kwenye sanduku la mwingine, halafu likafungwa.

Na hapo ndipo ninapotaka kugombana na kurasa hizi.

Tazama neno linalotumika kwenye V95 na V96 zote: aliyemo ndani ya chombo. Basi. Kwenye pikipiki kitabu kinajali kama ulikuwa dereva au abiria. Ukiwa dereva barabarani unaishia na.4, abiria .5. Kwenye puto hakijali. Sasa hebu twende Serengeti, ambako maputo ya watalii yamekuwa yakipaa alfajiri kwa miongo kadhaa, kama ilivyo Masai Mara upande wa pili wa mpaka. Kwenye kikapu kuna watalii waliolipa pesa ndefu kuona nyumbu kutoka juu, na kuna rubani. Upepo ukibadilika, kikapu kikatua kwa kishindo na kuburutwa, majeraha ni yale yanayojulikana: vifundo vya miguu, visigino, pingili za kiuno zilizobonyezwa. Tuseme mtalii na rubani wote wamevunjika pingili. Wote wanaandikwa S32.0 na V96.0. Kwenye takwimu ni mapacha. Mmoja alikuwa kwenye fungate, mwingine alikuwa kwenye zamu.

Utasema, tofauti iko wapi, si mgongo ni mgongo? Tofauti iko kwenye kila kinachofuata baada ya mgongo. Mtalii ana bima yake ya safari. Rubani, kama ni mwajiriwa, anaangukia Sheria ya Fidia kwa Wafanyakazi ya 2008 na Mfuko wa Fidia kwa Wafanyakazi ulioanza kazi Julai 2015, na Mfuko huo unauliza swali moja kubwa: uliumia ukiwa kazini? Rekodi ya hospitali inapaswa kumsaidia kujibu. Namba V96.0 inajibu swali ambalo hakuna aliyeliuliza, yaani alikuwa kwenye nini, na inanyamaza kwenye lile linaloulizwa.

Ongeza wale waliobaki chini. Puto halipai bila kundi la vijana wanaoshika kamba, wanaowasha feni, wanaolifukuza kwa gari mpaka litakapotua. Kamba ikimkata mmoja wao mkono, au akachelewa kuiachia akanyanyuliwa na kuanguka, yeye ni nani kwenye kitabu? Hakuwa "ndani". Atapewa V97.3, mtu aliye chini, namba moja na mpita njia aliyeangukiwa na kipande cha ndege. Au mwandishi aliyechoka atampa namba ya kuanguka tu, na puto litoweke kabisa kwenye maelezo.

Kilimanjaro inaonyesha hili vizuri zaidi. Septemba 2019 mtalii kutoka Kanada alifariki pale baada ya parachuti yake ya kutelezea hewani kushindwa kufunguka sawasawa. Chombo hicho, paraglaidi, hakimo kwenye vichwa vya V96 wala V97. Mwandishi mmoja angeweka V96.1 kwa kukifananisha na tiara, wa pili V96.8 ya "vingine", wa tatu V97.2 ya parachuti, na wote watatu wangeweza kujitetea mbele ya msimamizi. Huo ni udhaifu, ila ni wa kawaida, unarekebishwa na sentensi moja kwenye faharasa. Udhaifu mkubwa zaidi uko njiani kupanda. Michezo ya namna hii mlimani inabebwa na wapagazi. Mpagazi akiteleza na mzigo wa mtalii begani, akateguka kifundo, anaandikwa S93.4 na W01: kuteguka, kwa sababu ya kuanguka palepale alipokuwa amesimama. Hana mlima, hana mzigo wala mwajiri. Ni kama aliteleza bafuni kwake. Na ile ndege ndogo iliyogonga Mawenzi Novemba 2008, wakafa watalii wanne wa Kiitaliano na rubani akapona, iandikwe binafsi au ya biashara? Kitabu kinagawa kwa aina ya ndege na umiliki wake. Kwa abiria ilikuwa matembezi, kwa rubani ilikuwa siku ya kazi, na hilo ndilo kitabu hakilisemi kwenye namba yake ya lazima.

Nimesema "ya lazima" kwa makusudi. Maana, kusema haki, ICD-10 ina jibu. Ukienda mbele kidogo unakuta orodha fupi ya shughuli, tarakimu moja tu ya kuongeza mwishoni: 0 ni michezo, 1 ni mapumziko na burudani, 2 ni kazi ya kipato, 3 ni kazi nyingine kama za nyumbani au masomo, 4 ni kulala, kula na mambo ya mwili, 8 ni mengineyo, 9 haijulikani. Kwa hiyo mtalii wetu angeweza kuwa V96.01 na rubani V96.02. Mapacha wametenganishwa kwa tarakimu moja. Ila kitabu chenyewe kinasema tarakimu hiyo ni ya hiari, itumike panapohitajika. Na wewe msomaji unajua, umejaza fomu maishani mwako: cha hiari ndicho kinachoachwa wazi.

Hapo ndipo uamuzi wa watunzi unapoonekana. Walifanya chombo kuwa cha lazima na kazi kuwa ya hiari. Hawakuwa wajinga, wala sidhani walikuwa na nia mbaya. Orodha hii ni mtoto wa orodha ya vifo ya Jacques Bertillon ya mwaka 1893, na Shirika la Afya Duniani lilipoichukua mwaka 1948 lengo lilikuwa nchi zilinganishe vifo kwa usawa. Ukitaka kulinganisha nchi mia, unachukua kile ambacho hata cheti kibovu cha kifo hakikosi: alikuwa kwenye gari, alikuwa kwenye ndege. Nani alimlipa, cheti hakisemi. Toleo la 10 lilipitishwa mwaka 1990 kwa busara hiyohiyo. Naielewa. Lakini busara hiyo inafanya kazi vizuri pale ambapo anayeruka kwa raha na anayefanya kazi ni watu wa nchi moja, wanaotibiwa na kuhesabiwa na mfumo mmoja. Kwetu burudani ya angani inakuja na tiketi ya kurudi. Anayeburudika anaondoka, anayebaki na mgongo mbovu ni yule aliyekuwa kazini. Tarakimu ya hiari ndiyo pekee inayomwona.

Kuna mfano mwingine ambao si wa burudani, ila unabana palepale. Novemba 6, 2022, ndege ya Precision Air ilitumbukia Ziwa Victoria ikijaribu kutua Bukoba, wakafa watu 19. Wa kwanza kufika walikuwa wavuvi. Kijana mmoja wao alisimulia kwamba alikuwa akijaribu kuwafikia marubani kwa kufunga kamba kwenye mlango wa dharura wa chumba chao, kamba ikakatika ikampiga usoni, akazimia, akaja kuzindukia hospitali. Mpe namba. Hakuwa ndani ya ndege. Hakuwa ardhini, alikuwa majini. Ajali yenyewe ilishamalizika. Ukifuata sheria kwa ukali unaishia kwenye kapu la mtu aliyepigwa na kitu, W22, na ile ndege haipo tena. Shughuli yake? Si kazi ya kipato, kwa hiyo 2 hapana. Utaweka 8, mengineyo. Kuokoa watu ni "mengineyo".

Sasa turudi bondeni Momba, maana nilikuahidi kipimo na hatujakimaliza. Namba hizi ndefu haziandikwi zahanati. Zahanati ina rejesta ya MTUHA, kitabu kikubwa cha mistari, na mwisho wa mwezi mistari inajumlishwa kwenye fomu yenye makundi machache kama ajali za barabarani na kuungua. Namba kamili za ICD zinakuja mgonjwa akipelekwa juu, hospitali ya wilaya au ya mkoa, na anayeziweka anasoma kilichoandikwa na waliomtangulia. Wengi wanadhani tatizo la takwimu zetu liko kwa huyu wa mwisho. Yeye hawezi kubuni. Kama juu imeandikwa "RTA" tu, ile alama fupi ya ajali ya barabarani, ataishia kwenye V89.2, kapu la ajali ya barabarani ya chombo kisichotajwa.

Na hapa tatizo la puto la Serengeti linageuka kuwa la bodaboda wa Ivuna. Kijana anayebeba abiria kwa pesa na kijana aliyechukua pikipiki ya kaka yake kwenda mnadani kutalii tu, wote wakianguka wenyewe barabarani ni V28.4. Mmoja ni ajali ya kazi, mwingine ni ajali ya matembezi. Tunasema kila siku kwamba bodaboda ni ajira kubwa ya vijana, kisha tunahesabu majeruhi wake kana kwamba wote walikuwa wanazurura. Halafu tunashangaa kwamba mjadala wa usalama wao unaanza na kuisha na kofia ngumu, bila swali la saa ngapi wamekaa kwenye usukani au mwenye pikipiki anataka hesabu ya shilingi ngapi kwa siku. Bodaboda wengi hawana mwajiri kwa maana ya sheria, kwa hiyo hata Mfuko wa Fidia hauwafikii. Namba ingekuwa ushahidi wa kwanza kwamba wapo.

Kuna toleo jipya, ICD-11, lililoanza kutumika rasmi Januari 1, 2022. Limefanya jambo zuri: badala ya kulazimisha kila kitu kwenye namba moja, linaruhusu kuunganisha vipande kwa alama ya &, shughuli kwa upande wake, mahali kwa upande wake. Kwenye karatasi rubani wetu hatimaye anaweza kuandikwa kama rubani. Ila vile vipande vya nyongeza bado ni hiari, na kwa maoni yangu hapo wamehamisha kosa kutoka chumba kimoja kwenda kingine chenye rangi mpya. Nchi inaweza kuamua yenyewe kwamba kwake kipande cha shughuli ni cha lazima. Hakuna anayeizuia, na safu moja kwenye rejesta haihitaji kompyuta.

Kwa hiyo kama wewe ni mwanafunzi wa utabibu au uuguzi na utapangiwa kituo kama Ivuna, jaribu hili bila kusubiri waraka. Akija mtu kaungua, usiishie "kuungua". Andika: kaungua mkono wa kulia, maji ya chumvi, alikuwa kazini. Ni maneno tisa. Yakifika Vwawa, anayeweka namba anaweza kuandika X12.62 bila kubahatisha: 6 ya eneo la uzalishaji, 2 ya kazi ya kipato.